Kutafuta Kazee ka Maji

Mke wangu alipotoka hospitali mara ya pili, daktari aliniita pembeni akanipa maagizo matatu: asipande ngazi, asibebe kitu kizito, asile chumvi. Moyo wake ulikuwa umepanuka, na miguu ilikuwa inavimba kila jioni. Kisha daktari akaongeza agizo la nne. Alisema, "Mutafutie kitu ya kumufurahisha." Nilimshukuru, nikatembea hadi kwenye pikipiki, na hapo ndipo nilipoelewa maana yake.

Nyumba yetu ya Rugenge ina vyumba viwili na sebule. Nilihamishia kitanda chake sebuleni, kando ya dirisha, apate hewa na aone watu wanaopita. Watoto wetu wamekwisha kuwa na nyumba zao mbali, tulibaki wawili. Siku ile ile nilimuuliza.

"Unataka nini, mama?"

"Samaki ya chumvi."

"Kingine."

Alicheka kidogo tu, kwa sababu kucheka sana kulimkata pumzi. Akafikiri. Kisha akasema, "Minye nataka kucheza Kazee ka Maji."

Katika miaka yote ya ndoa yetu sikuwa nimelisikia jina hilo.

Akanieleza polepole, akipumzika katikati. Alipokuwa msichana mdogo, nyumba yao ilikuwa Mulongwe, karibu na mto. Baba yake alikuwa mfanyabiashara wa ziwani, Mwislamu wa ukoo wa wafanyabiashara, na alikwenda Kigoma na kurudi, na vitenge, sabuni na mafuta. Safari moja alirudi na mashine ya michezo ya kuchomeka kwenye televisheni, maneti mbili za kushika mkononi wakati wa kucheza, na kasete moja ya njano. Juu ya kasete paliandikwa kwamba ina michezo mia. Mke wangu na dada yake mkubwa waliihesabu, wakakuta ni minane inayorudiwarudiwa. Majina yalikuwa kwa maandishi wasiyoyajua, kwa hiyo wakayatunga yao: Ndege, Tanki, Muwashi, na huo Kazee ka Maji. Ndani yake kulikuwa na mzee mdogo mwenye mzigo mgongoni. Anatembea kando ya maji, anaruka mawe na wanyama, na mwisho wa ufuko kuna nyumba yenye dirisha moja. Akiingia, safari nyingine inaanza.

"Tulikuwaka tunakacheza wakati tunangoja papa atoke Kigoma," alisema. "Kakiingia ku nyumba, tunasema, na papa atafika."

Nyumba ya Mulongwe haipo tena. Mto ulifurika ukaichukua, na mashine, na televisheni, na kuta. Wakati huo tulikuwa tumeshaoana. Tulikwenda wote wawili kutazama, tukakuta kizingiti cha mlango wa mbele na tope. Hakulia siku ile. Alisema tu kwamba ua lilionekana dogo kuliko alivyolikumbuka.

Nikamwambia, "Nitakutafutia."

"Utakatoa wapi? Kalienda na maji."

"Nitakapata. Nakuahidi."

Sina tabia ya kuahidi jambo ambalo sijalipima. Siku ile niliahidi kwanza.

Nieleze kazi yangu, kwa sababu yaliyofuata yalitokana nayo. Nina kibanda cha kuchapa maandishi na kufanya fotokopi. Nachapa barua za kuomba kazi, mitihani ya shule, hati za mauzo ya viwanja. Shule niliiacha mwaka wa tatu wa sekondari. Kompyuta nilijifunza mwenyewe, nikiwa na kamusi mkononi, nikisoma kila neno lililoandikwa kwenye kila menyu na kuliandika kwenye daftari la miraba pamoja na maana yake. Nina madaftari kumi na moja ya namna hiyo. Sijui njia nyingine ya kujifunza kitu ila kukiandika kwa mpangilio.

Nilifungua la kumi na mbili. Ndani ya wiki moja, katika saa za mchana ambazo wateja ni wachache, nilikuwa nimejua kwamba iko programu inayoifanya kompyuta ijifanye mashine ya zamani ya michezo. Inaitwa emuleta. Yenyewe haina mchezo wowote ndani. Unaiweka kwanza, kisha unatengeneza folda ya michezo, unaionyesha programu folda iko wapi, na kila mchezo unaoongeza ni faili moja, ndogo kuliko picha moja ya simu. Kisha unafundisha vitufe: hiki ni kuruka, hiki ni kwenda mbele. Nilisoma ukurasa wa marekebisho mstari kwa mstari. Kwenye ukurasa wa nne wa daftari niliorodhesha yote, na mbele ya kila moja nikaandika neno moja, "inahitajika" au "haihitajiki". Nitarudi kwenye ukurasa huo.

Michezo niliipata kwa jirani yangu wa kibanda, mtu anayewatilia watu nyimbo na filamu kwenye simu. Alikuwa na flash yenye michezo ya mashine hiyo zaidi ya mia nane. Alinicheka.

"Kumbe na weye unacheza, muzee?"

"Ni ya mama nyumbani."

"Aa," akasema, akaacha kucheka. Alijua habari za mama nyumbani. Mtaa wote ulijua.

Kazi ilikuwa hapo. Mia nane, majina yote ya Kiingereza au ya Kijapani, na mimi natafuta mmoja ambao jina lake lilitungwa na wasichana wawili wa Mulongwe. Nikafanya kama ninavyofanya mteja anapoleta hati iliyochanika: nikaanza kwa kuuliza ushahidi.

Nilikaa kando ya kitanda na kalamu. "Maji yako upande gani?"

"Huku chini."

"Mzee ana fimbo?"

"Ana fimbo. Au ni mukono. Sijui."

"Ni wakati gani? Mchana, usiku?"

Alifumba macho. "Jioni," alisema. "Iko jioni, sawa mvua imetoka kunyesha. Hewa inatulia. Njo maana minye nilikuwa nakapenda. Na wimbo wake unaenda polepole, polepole." Akaniimbia, kwa pua tu, noti saba au nane, kisha akaacha apumue.

Niliandika: jioni, baada ya mvua, wimbo wa polepole.

Ili kuwa na uhakika nilimpigia simu dada yake mkubwa, anayeishi Makobola, ambako mume wake ana nyavu na shamba la mihogo. Mke wangu humwita yaya, yaani dada mkubwa, na mimi pia. Nilimuuliza maswali yale yale bila kumwambia majibu niliyokwisha kupata.

"Kazee ka Maji!" alipiga kelele mpaka nikasogeza simu. "Mubwana, unakatolea wapi? Iko jioni jioni vile, inatiaka huzuni. Mupe simu mudogo wangu nimutukane, alikuwaka ananinyanganya maneti."

Nilimpa simu. Nikamsikia mke wangu akisema, "Yaya, shemeji yako anachunguza Kazee sawa kesi ya kiwanja. Ameniuliza hata fimbo ilikuwa ya muti gani." Walicheka wote wawili, kila mmoja upande wake wa simu.

Basi nilikuwa na mashahidi wawili, waliohojiwa kila mmoja peke yake, wanaokubaliana. Kwa mtu wa kazi yangu hiyo ni hati iliyokamilika.

Nilipitia michezo mia nane peke yangu kibandani ili nisimchoshe. Kila mmoja niliupa dakika tatu. Usiokuwa na mtu anayetembea, nje. Usiokuwa na maji, nje. Ilichukua karibu mwezi mzima, na ikabaki sitini na mmoja. Hiyo niliipa namba, nikachora safu kwenye daftari: namba, maji, nyumba, jioni, wimbo, jibu. Na niliweka sheria moja: mchezo ukikataliwa naukata kwa mstari na kuufuta kwenye folda, orodha izidi kuwa fupi.

Tulianza. Kompyuta ndogo niliiweka juu ya stuli, yeye akaegemea mito, maneti mapajani. Saa tisa mchana ndiyo ilikuwa saa yetu, kwa sababu kuranti, umeme wa mji, haina miadi, na wakati huo betri ya jua imejaa. Michezo miwili kwa siku, siku nzuri mitatu. Nilikuwa natazama vidole vyake. Vilikuwa vimevimba, lakini vikishika maneti vilikumbuka. Alikuwa mchezaji hodari, jambo ambalo mimi sikulijua. Mtu nimeishi naye nusu ya maisha yangu, nimemwona akipika, akifundisha watoto kusoma, akibishana na wauza samaki wa ndagala, na sikuwa nimejua kwamba anaweza kuruka shimo bila kutazama.

"Si huu," alikuwa anasema. "Huu una mashetani." "Si huu, huyu ni kijana." "Si huu, papa, lakini tuumalize kwanza."

Nami nikaandika.

"Weye unaandika hata nikikohoa," alisema siku moja. "Ku harusi yetu nusura uombe bantu wasaini."

"Walisaini."

"Njo ninavyosema."

Namba thelathini na saba niliufungua siku ya Jumanne. Anga ya buluu kali, mchanga wa njano, maua ya waridi juu ya ukingo, maji ya kijani. Mzee mwenye kanzu nyekundu na mzigo mgongoni akatoka upande wa kushoto. Wimbo ukaanza, wa furaha, wa haraka. Mke wangu alinyanyuka kwenye mito.

Alicheza. Akaruka jiwe, akaruka kaa, akaruka jiwe. Mwisho wa ufuko ikatokea nyumba, yenye paa la rangi ya machungwa na dirisha moja. Akasimama mbele yake, akaiangalia muda mrefu.

"Nyumba inafanana," alisema.

"Inafanana au ni yenyewe?"

"Inafanana." Akakunja uso. "Lakini huku iko muchana. Kwetu ilikuwa jioni. Na huyu anakimbia. Kazee ketu kalikuwaka kanatembea."

"Na wimbo?"

"Wimbo ni sawa muntu anaimba wimbo wetu na haraka ya kwenda ku soko."

Alisubiri. Nadhani sasa kwamba alikuwa ananisubiri mimi. Mimi ndiye niliyejua kompyuta. Nilitazama safu zangu. Maji, ndiyo. Nyumba, ndiyo. Jioni, hapana. Nikauliza, "Kwa hiyo si huu?"

"Si huu," alisema, na akalala tena kwenye mito.

Niliandika maneno yake kama alivyoyasema. Nikachora mstari juu ya namba, nikafuta faili.

Siku tatu au nne baadaye, kabla sijafungua namba iliyofuata, alinishika mkono. "Papa. Rudisha ule wa muchana."

"Upi?"

"Ule wenye nyumba."

"Tulishaukata, mama. Tumebakiza ishirini tu. Twende mbele, tutakapata."

"Sawa," alisema.

Akageukia dirisha. Nilidhani amechoka, na siku hiyo sikumwonyesha mchezo mwingine.

Baada ya hapo kasi yetu ilipungua. Mchezo mmoja kwa siku, kisha mmoja kwa siku mbili. Alianza kunipa maneti nicheze mimi, yeye atazame, na mimi sina mkono wa mchezo. Mzee wangu, au kijana wangu, au chura wangu, alikufa kwenye shimo la kwanza. "Unamuua muntu ya bantu," alikuwa ananiambia. Tulifika namba hamsini na mbili. Namba hamsini na tatu nilikuwa nimeiweka tayari. Asubuhi, nikiwa nachemsha maji ya chai, niliita mara mbili kutoka jikoni na hakujibu. Tulimzika siku hiyo hiyo baada ya sala ya adhuhuri.

Watu waliniambia nimemtunza vizuri. Niliwashukuru. Ndani yangu kulikuwa na hesabu moja tu: michezo tisa ambayo hakuiona. Nilijiambia Kazee alikuwa mmoja wa hiyo tisa, kwamba nilichelewa kwa siku chache, na hilo lilikuwa zito lakini lilibebeka. Mtu anaweza kuchelewa. Nilifunga kompyuta, nikaitia kwenye mfuko wake, nikaiweka juu ya kabati.

Kwa hitima ya siku ya arobaini yaya alikuja kutoka Makobola na mihogo, samaki wa kukaushwa, na bahasha ya plastiki. Wageni walipoondoka alinipa bahasha. "Shemeji, nimekuletea sura yake. Hauna picha yake ya utoto. Zote zilienda na muto. Hii iliponaka kwa sababu nilitoka nayo wakati niliolewa."

Ilikuwa picha ya Idi. Baba yao alikuwa amemwita mpiga picha nyumbani. Wasichana wawili wamekaa juu ya zulia jekundu, magauni ya kijani yanayofanana, hina mikononi. Pazia la buluu nyuma yao. Mdogo ana pengo la meno mbele, naye amegeuza kichwa, hamtazami mpiga picha, anatazama televisheni, na maneti iko mapajani mwake. Nilimtambua kwa shingo. Nilikaa na picha hiyo kwa muda bila kuangalia kitu kingine.

Kisha nikaangalia anachokitazama. Televisheni ilikuwa inawaka. Kila kitu kwenye picha kilikuwa na rangi: zulia, magauni, pazia, hata kasete ya njano juu ya mashine. Kioo cha televisheni peke yake kilikuwa cha kijivu. Ndani ya ule ukijivu, wazi kabisa, kulikuwa na ukingo wa maji, maua, na nyumba yenye dirisha moja.

"Yaya," nilisema, "televisheni yenu haikuwa na rangi?"

"Haikukuwa na rangi namna gani? Papa alinunua Bujumbura, ilikuwa ya rangi! Habari tulikuwa tunaona na rangi, muziki na rangi."

"Na mchezo?"

"Muchezo njo ulikuwa vile." Akainamia picha, akaweka kidole juu ya kioo. "Jioni. Si nilikuambia?"

Nilirudi kibandani kesho yake, nikasoma siku nzima. Maelezo ni mafupi. Televisheni ya Bujumbura ilitengenezwa kwa mfumo wa Wafaransa wa kupeleka rangi, ambao ndio uliotumika upande wetu. Mashine ilitoka ng'ambo ya ziwa, upande wa Kigoma, na ilitengenezwa kwa mfumo mwingine. Televisheni ilipopokea picha ya mashine ilielewa mwanga na giza, ila rangi haikuzielewa, ikaziacha. Tena, michezo ile iliandikwa kwa mashine zinazochora picha sitini kwa sekunde, na mashine kama ya baba mkwe wangu ilichora hamsini. Kwa hiyo kila kitu kilipungua kasi, miguu na wimbo pamoja. Wasichana wawili hawakuwa na mashine nyingine ya kulinganisha. Waliona anga ya kijivu na mzee anayetembea taratibu, wakaelewa kama mtu yeyote angeelewa: jua limezama, mvua imekwisha, mzee amechoka na anarudi nyumbani.

Nikafungua daftari la kumi na mbili, ukurasa wa nne. Mwandiko ni wangu, safi. "Kuondoa rangi, picha iwe ya kijivu: haihitajiki." Mistari miwili chini yake: "Kasi ya picha hamsini: haihitajiki."

Niligeuza hadi namba thelathini na saba. "Maji: ndiyo. Nyumba: ndiyo. Jioni: hapana. Wimbo: kama mtu anauimba kwa haraka ya kwenda sokoni. Kazee ketu kalikuwaka kanatembea. Jibu: si huu."

Alikuwa ameniambia kila kitu. Nami nilikuwa nimekiandika.

Jirani yangu alinirudishia faili kutoka kwenye flash bila kuniuliza kitu. Siku ya tatu baada ya hitima, yaya akiwa bado nyumbani, niliweka kompyuta juu ya stuli ile ile. Nilitoa rangi. Nilichagua hamsini. Nikafungua mchezo.

Noti ya kwanza ilitosha. Yaya alikuwa anachambua mchele; aliacha ungo chini.

"Njo huu," alisema. "Ya Rabi, njo huu wenyewe."

Akakaa juu ya kitanda, ambacho sikuwa nimekirudisha chumbani, akachukua maneti. Mzee akatoka upande wa kushoto, kijivu, taratibu, na maji ya kijivu chini yake. Kweli ilikuwa jioni. Nilikuwa nimeuona mchezo huo mara tatu kwa rangi zake zote na sikuwahi kuhisi chochote. Sasa nilihisi hewa iliyotulia. Yaya alianza kuimba chini ya pumzi maneno ambayo walikuwa wameutungia wimbo ule wenyewe:

"Kazee, kazee, beba polepole, chai iko moto, mama anangoja."

Noti zilikuwa zile zile ambazo mke wangu aliniimbia kwa pua. Sikujua kwamba zilikuwa na maneno.

Alipofikisha mzee mbele ya nyumba aliacha kucheza, akaweka maneti juu ya shuka.

"Ku nyumba njo yeye alikuwaka anaingiza," alisema. "Minye nafikisha, yeye anaingiza. Tukibadilisha, papa hatafika." Akafuta macho kwa kitenge. "Shemeji, na yeye aliuonaka?"

Ningeweza kusema hapana. Ningeweza pia kusema ndiyo. Nilimpa daftari kwenye ukurasa wake. Alisoma kwa kidole, neno kwa neno, kwa sauti. Alipofika "kalikuwaka kanatembea" alisimama, akasoma tena.

"Basi aliuona," alisema.

"Aliuona kwa rangi. Hakuutambua."

"Lakini aliuona, shemeji. Ilikuwa huu."

"Siku nyingine aliniomba niurudishe. Nilikataa."

"Juu ya nini?"

"Nilikuwa nimeukata."

Yaya aliweka daftari kando yake, akatazama kioo, nami nikatazama. Mzee alikuwa amesimama mbele ya mlango na mzigo wake. Juu kwenye kona namba za muda zilikuwa zinapungua. Maneti ilikuwa juu ya shuka katikati yetu, na hakuna aliyeigusa. Muda ulipokwisha mzee alitoweka, akatokea tena mwanzo wa ufuko, upande wa kushoto, na wimbo ukaanza upya.

Yaya alirudi Makobola. Picha aliniachia. Mchezo bado uko kwenye kompyuta, kijivu, kwa hamsini, na sijaucheza, kwa sababu ningemuua kwenye jiwe la kwanza. Kwenye daftari nimeandika pembeni ya namba thelathini na saba, kwa wino mwingine, "Ni huu", na tarehe. Nimelipitia daftari lote mara kadhaa nikitafuta siku ile aliponishika mkono. Siku ile haimo. Sikuiandika, kwa sababu haukuwa mchezo mpya.